Mpiga Ramli na Shahidi

Kabla sijasema lolote, nina ombi. Mbele yangu hapa mezani kuna bahasha ya kaki, ya kawaida tu, zile za kununua dukani. Ndani yake mna picha moja. Niliifunga kwa gundi jana jioni nyumbani kwangu Rebero, na sijamwonyesha mtu. Tafuta kipande cha karatasi na kalamu. Fumba macho kidogo, tulia, halafu chora chochote kitakachokujia. Kama hujui kuchora usijali, mistari miwili mitatu inatosha. Ukimaliza kunja karatasi yako, iweke kando, na usiiguse tena. Kabla hatujaagana nitaifungua bahasha hii.

Umecheka? Haya, cheka, lakini ujue kwamba serikali ya Marekani iliwalipa watu kwa zaidi ya miaka 20 wafanye hicho hicho ulichokifanya sasa hivi. Walikaa kwenye vyumba vyenye mwanga hafifu, wakafumba macho, wakachora. Michoro yao ikapigwa muhuri wa siri na kupelekwa kwa majasusi.

Kwa msiofika Rebero, ni kilima cha upande wa kusini wa Kigali, wilayani Kicukiro. Ukisimama pale jioni, Gikondo iko chini ya miguu yako, kuba la Convention Centre linabadilisha rangi kule Kimihurura, na upande wa magharibi Mlima Kigali unalimeza jua. Anayejua Kinyarwanda anasikia ndani ya jina hilo kitenzi kureba, yaani kutazama. Mimi napenda kukaa juu kule nikitazama mbali, na juzi nilikuwa nikiwaza kisa kimoja kilichotokea nyuma ya milima hiyo ya magharibi, ng'ambo ya Ziwa Kivu, katika nchi ambayo siku hizo iliitwa Zaire. Ni kisa cha ndege iliyopotea.

Mwezi wa Septemba 1995, Jimmy Carter, aliyekuwa rais wa Marekani kuanzia 1977 hadi 1981, alikuwa akizungumza na wanafunzi wa chuo mjini Atlanta. Akawasimulia kwamba katika enzi yake ndege ya Marekani, iliyokuwa na kazi maalumu, ilianguka Zaire. Satelaiti za ujasusi zilipita juu, zikapiga picha, hazikuona kitu. Ndipo CIA, bila yeye rais kujua, wakamwendea mwanamke mmoja wa California aliyesema ana kipawa. Mama yule akazama katika hali kama ya mtu aliyepandwa na pepo, akataja tarakimu za latitudo na longitudo. Satelaiti ikaelekezwa pale, na ndege ikaonekana.

Kisa kitamu. Kasoro yake ni kwamba hakitulii mahali pamoja. Miaka kama 10 baadaye Carter alikisimulia tena kwa jarida la GQ, na safari hii ndege, ndogo yenye injini mbili, ilikuwa imeanguka Jamhuri ya Afrika ya Kati. Ukiwasikiliza waliokuwa ndani ya mradi wenyewe, akiwemo mwanafizikia Dale Graff, ndege haikuwa ya Marekani hata kidogo. Ilikuwa Tupolev ya jeshi la Urusi ya Kisovieti, imesheheni vifaa vya upelelezi, na Wamarekani waliitaka kabla wenyewe hawajaifikia. Na mwanamke aliyeweka alama kwenye ramani hakuwa California, alikuwa mfanyakazi wa kambi ya jeshi la anga ya Wright-Patterson, kule Ohio.

Hebu tupange. Ndege ndogo ya Marekani, au dege la kijeshi la Warusi. Zaire, au Afrika ya Kati. Mama wa California, au wa Ohio. Sisemi rais alidanganya. Nasema habari iliyofungiwa kabatini miaka mingi, siku ikitoka hutoka imeota ndevu. Na cha kushangaza ni kwamba kisa hiki chenye nyuso tatu ndicho ambacho mpaka leo hutolewa kama ushahidi kwamba mambo yale yalifanya kazi.

Mambo yale yalianzaje? Yalianza na uvumi. Mwishoni mwa 1959 na mwanzoni mwa 1960, majarida ya Ufaransa yaliandika kwamba jeshi la majini la Marekani limemweka mtu ndani ya nyambizi Nautilus, apokee ujumbe kutoka nchi kavu kwa njia ya mawazo, bila waya wala redio. Jeshi la majini likakanusha. Lakini kule Leningrad kulikuwa na profesa, Leonid Vasiliev, aliyekuwa akiutafiti uwezo huo kwa miaka mingi na kukosa wa kumuunga mkono. Akaishika habari ile kwa mikono miwili: jamani, Wamarekani wametutangulia. Maabara ikapatikana. Muda si muda habari za maabara za Warusi zikavuka bahari mpaka Washington, na huko nako wakubwa wakaambizana: jamani, Warusi wametutangulia. Jirani akifunga mlango mapema, jirani mwenzake hudhani anahesabu hela. Basi naye anafunga wake.

Mwaka 1972, kwa fedha za CIA, wanafizikia wawili, Harold Puthoff na Russell Targ, walianza majaribio katika taasisi ya utafiti ya SRI, mjini Menlo Park, California. Waliokuja kupimwa walikuwa watu wa kila namna: Ingo Swann, msanii wa New York, Pat Price, aliyewahi kufanya kazi ya polisi, na Uri Geller, yule Mwisraeli aliyejipatia jina kwa kukunja vijiko. Kazi yenyewe wakaiita kutazama kwa mbali. Mwishoni mwa miaka ya 1970 jeshi la nchi kavu likaunda kikosi chake katika kambi ya Fort Meade, Maryland. Jina la mradi likawa linabadilika kama la mtu anayekimbia wadai: Gondola Wish, Grill Flame, Center Lane, Sun Streak, na mwisho Star Gate.

Mtazamaji alikuwa akikaa mezani, mbele yake karatasi na kalamu. Mwenzake anamsomea tarakimu za mahali kwenye ramani, au anamwambia tu kwamba kuna bahasha. Naye anaanza: naona kitu kirefu, naona chuma, nahisi baridi, kuna maji karibu, kuna watu wana wasiwasi. Mwenzake anaandika yote.

Kisa kinachorudiwa kuliko vyote ni cha mwaka 1974. Pat Price alipewa tarakimu za kituo cha siri cha Warusi karibu na Semipalatinsk, katika Kazakhstan. Akachora winchi kubwa ajabu inayotembea juu ya reli, na picha za satelaiti zilionyesha kweli kwamba pale palikuwa na winchi ya namna hiyo. Ukiona alichochora na kilichokuwepo ubavu kwa ubavu, nywele zinasisimka. Lakini Price hakuchora winchi peke yake. Alieleza na mengine chungu nzima kuhusu kituo kile, na wataalamu waliokaa kuyapima siku zile walikuta mengi hayalingani na kilichokuwepo. Winchi ikawekwa kwenye fremu, yaliyobaki yakaingia kwenye jalada.

Mwaka 1978 wanasaikolojia wawili wa Chuo Kikuu cha Otago, New Zealand, David Marks na Richard Kammann, waliyakagua majaribio ya SRI na kuandika katika jarida la Nature, lile lile lililochapa utafiti wa Targ na Puthoff mwaka 1974. Kanuni ya majaribio ilikuwa hivi: mtazamaji anabaki ofisini, mwenzake anakwenda mahali fulani mjini, halafu jaji asiyehusika anapewa maelezo na orodha ya mahali, aambatanishe. Marks na Kammann wakagundua kwamba katika maelezo yale mliachwa vijineno vya kudokeza. Mahali pengine tarehe, pengine mtu anataja alikopelekwa jana yake. Kwa vijineno hivyo tu waliweza kuyapanga maelezo kwa zamu yake, na kuyaambatanisha na mahali bila hata kufika pale. Ni mtihani ambao majibu yamesahauliwa ubaoni.

Twende Italia. Tarehe 17 Desemba 1981, kundi la Brigedi Nyekundu lilimteka Jenerali James Dozier wa Marekani nyumbani kwake Verona. Watazamaji wa Fort Meade wakawekwa kazini, na wenye vipawa wengine kutoka kila upande wakamimina njozi zao: yuko kwenye nyumba ya mawe, yuko mlimani, yuko karibu na maji. Kila njozi ilitaka mtu wa kwenda kuihakiki. Baada ya siku 42, tarehe 28 Januari 1982, polisi wa Italia walivunja mlango wa nyumba ya kupanga katika jengo la mjini Padova wakamkuta jenerali yu hai. Waliufikia mlango ule kwa upelelezi wa kawaida, kwa kumfuata mtu mmoja mpaka mwingine.

Mwaka 1995 CIA waliajiri taasisi ya nje iupime mradi wote. Wakaletwa wasomi wawili wenye misimamo tofauti. Jessica Utts, mtaalamu wa takwimu, akasema tarakimu za maabara zinaonyesha kuna kitu. Ray Hyman, mwanasaikolojia, akasema hakuna kilichothibitika. Hawakukubaliana. Lakini swali la mlipa kodi lilikuwa jepesi zaidi: je, kuna operesheni hata moja ya ujasusi iliyoongozwa na michoro hii? Taarifa ikajibu hapana. Dola kama milioni 20 zilikuwa zimekwenda. Mradi ukafungwa. Mwezi wa Januari 2017 CIA waliweka kwenye intaneti kurasa zaidi ya milioni 12 za nyaraka zao za zamani, na michoro ya Star Gate imo humo, mwenye simu aitazame.

Waingereza nao walijaribu. Mwaka 2002 wizara yao ya ulinzi iliwatafuta wenye vipawa wanaojulikana, wakakataa, ikabidi wachukuliwe watu wa kawaida. Wakafungwa vitambaa usoni, wakaulizwa picha gani zimo ndani ya bahasha za kaki. Ndiyo, msikilizaji, bahasha za kaki kama hii yangu. Paundi 18,000 zilitumika. Mmoja wao akapitiwa na usingizi.

Sasa usiwacheke Wazungu sana, maana na sisi tuna yetu. Wafalme wa Rwanda hawakupeleka jeshi vitani bila kuwauliza abapfumu, waaguzi wa ikulu, waliosoma matumbo ya kuku, ya kondoo dume na ya fahali. Na siri za ufalme, ubwiru, zilikaa vichwani mwa abiru, kila mmoja na sehemu yake ya kukariri. Yale ambayo zamani yangemgharimu mtu roho kuyatoboa, mwaka 1964 Marcel d'Hertefelt na André Coupez waliyachapa kitabuni. Huko pwani watu wanapiga ramli, wanapiga bao, wanasoma nyota. Hapa tunasema kuraguza, kwenda kuaguliwa. Na wanaokwenda, wengine huenda usiku, na suti zao.

Nina jirani pale Rebero, mama mtu mzima, simu yake ilipotea. Akaenda kwa mganga. Mganga akatazama maji kwenye beseni akasema: naona giza, naona mtu wa karibu, anaingia kwako bila kubisha hodi. Basi! Mama akarudi na jibu lake mkononi. Anayeingia bila hodi ni nani kama si wifi yake? Wiki tatu hawakuamkiana. Mtoto anatumwa chumvi, anaambiwa usipite kwa shangazi yako. Wiki ya nne, gunia la mkaa jikoni likafika chini, na simu ikatoka humo, nyeusi tii, imezima. Mama kwa aibu akamrudia mganga. Unajua alijibiwa nini? Si nilikwambia naona giza?

Hela haikurudi, na wifi hakuombwa radhi mpaka sikukuu.

Nimelitafakari jibu la yule mganga kuliko zile kurasa zote milioni 12. Giza lilifaa kwa mwizi, likafaa kwa gunia. Lingefaa hata kama simu ingekutwa chini ya kitanda. Na tazama alichokifanya jirani yangu: mganga hakumtaja wifi, yeye ndiye aliyemtaja. Alikwenda na wifi moyoni, akarudi naye amegongewa muhuri. Hapo ndipo penye utamu wa mpiga ramli, kwa mama wa Rebero na kwa jenerali wa Washington. Mpiga ramli hakudai chochote zaidi ya ada yake. Anakuachia uchague njozi ya kufuata na njozi ya kusahau. Ukipatia, mmepatia wote. Ukikosea, giza lina maana nyingi.

Shahidi hayuko hivyo. Shahidi anakuambia nyumba, siku, majina. Ukishamsikia huwezi tena kusema hukusikia. Shahidi anakudai.

Na hapa, msikilizaji, naomba nishushe sauti. Pale Rebero wamezikwa wanasiasa waliouawa mwaka 1994 kwa sababu waliipinga njama ya mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi. Kila tarehe 13 Aprili tunapanda kilima kile kuwakumbuka. Nikipita pale, huwa nafikiria karatasi moja. Tarehe 11 Januari 1994, Jenerali Roméo Dallaire wa Kanada, kamanda wa askari wa Umoja wa Mataifa hapa Kigali, alituma ujumbe New York. Mtu wa ndani, aliyekuwa akiwafundisha wanamgambo wa Interahamwe, alikuwa amemweleza kwamba silaha zimefichwa mjini, na kwamba ameamriwa kuwaandikisha Watutsi wote wa Kigali. Yeye mwenyewe alishuku ni kwa ajili ya kuwaangamiza. Alisema watu wake wanaweza kuua hadi 1,000 kwa dakika 20. Alikuwa tayari kuonyesha silaha zilipo. Dallaire akaeleza kwamba atakwenda kuzikamata ndani ya saa 36. Makao makuu yakamjibu asiende, hilo liko nje ya mamlaka aliyopewa. Januari, Februari, Machi. Mwezi wa nne ulipofika, dunia ikasema imeshtukizwa.

Siku hizo hizo, kule Fort Meade, Star Gate ilikuwa bado inaendelea. Watu walikuwa wakifumba macho ili waone yaliyo mbali.

Sidai kwamba mkono uliokuwa ukiwalipa hawa ndio uliomkataza yule. Zilikuwa ofisi tofauti, wakubwa tofauti. Ninachokiona kutoka juu ya kilima changu ni kwamba dunia haikupungukiwa jicho. Aliyeona alikuwepo, alikuwa na macho yake wazi, na aliyoyaona yaliandikwa yakafika mezani. Lakini kumwamini kulikuwa na gharama: magari, askari, ruhusa, na mtu wa kuweka sahihi chini yake. Mchoro wa mtazamaji haujawahi kumdai mtu sahihi. Ukikosea unarudi kwenye jalada lake la siri, na kesho unachorwa mwingine.

Kwa hiyo siku mtu atakapokuja kukuuzia jicho la kuona mbali, awe na beseni la maji, awe na hema na spika kubwa, awe na mashine yenye antena, muulize maswali ya mama mwenye duka. Umeandika lini? Umekosea mara ngapi? Daftari la makosa liko wapi, nilione? Mwaka 2013 Mwingereza James McCormick alifungwa miaka 10 kwa kuuza vifaa feki vya kugundua mabomu. Iraq ilinunua kwa mamilioni ya dola, na askari walisimama navyo vizuizini Baghdad, wakisubiri antena igeuke. Ndani hakukuwa na kitu. Kutikisika kwa mkono wa askari ndiko kulikokuwa kukiigeuza, huku magari yenye mabomu yakipita. Yule naye alikuwa mpiga ramli, ila alivaa tai.

Haya, bahasha. Chukua karatasi yako, ila usiongeze mstari hata mmoja.

Nafungua. Mnasikia inavyochanika. Ndani mna picha ya agaseke, kile kikapu chetu cha kusukwa chenye mfuniko uliochongoka.

Sasa nawaona! Aliyechora kilima anasema, si umbo ni lile lile? Aliyechora kuba la Convention Centre anasema nimekaribia. Aliyechora nyumba ya mfalme kule Nyanza, chungu, sinia la ugali, kofia, hema, wote simu ziko mikononi. Tafadhali, msinipigie. Mji huu umejengwa juu ya vilima, na ukimwambia Mnyarwanda achore kitu, kitu chenye kilele hakiko mbali na mkono wake. Ndiyo maana nikachagua agaseke. Nilitaka wengi mpatie, mjionee jinsi kupatia kulivyo rahisi.

Kama yuko mmoja aliyeandika neno lenyewe, agaseke, kabla sijafungua, nitampa mkono wa heko. Halafu nitamwomba tuwahesabu pamoja wote waliosikiliza jioni hii wakakosa.

Kwa Kinyarwanda, jambo ambalo hatujui lina nini ndani tunaliita agaseke gapfundikiye, kikapu kilichofunikwa. Bibi zetu walikisuka, wakakifunika, wakakipeleka harusini. Na kilipofika, mtu aliinua mfuniko kwa mkono wake, macho wazi, mbele ya watu.